Wilhelm, Hilda na Müller: majina ya Kigermanik yalivyozaliwa

Swali ambalo idara yetu ya isimu huulizwa mara nyingi na wazazi na wanafunzi ni hili: jina langu lina maana gani? Mwenye kuuliza huwa ameshapata jibu mahali fulani. Ameambiwa kwamba Wilhelm ni "shujaa mwenye nia thabiti", Gertruda ni "mwanamke mwenye mkuki wa nguvu", Fredrick ni "mtawala wa amani". Majibu hayo yanapendeza, na maneno yaliyomo si ya kubuni. Tatizo ni kwamba yanalisoma jina kama sentensi, na Wagermanik wa kale hawakuyatunga majina yao hivyo.

Tukisema Wagermanik tunamaanisha wasemaji wa lugha zilizozaa Kijerumani, Kiingereza, Kiholanzi, Kiswidi, Kidenmark, Kinorwe na Kiaislandi za leo. Kwao jina la mtu, hasa wa ukoo wenye cheo, liliundwa kwa vipande viwili vilivyochaguliwa kutoka hazina moja iliyojulikana na wote. Hazina hiyo ilijaa vita, wanyama wakali na utukufu: hild na gund ni vita, ger ni mkuki, helm ni chapeo, wolf ni mbwa mwitu, bern ni dubu, sieg ni ushindi, bert ni mng'ao, rik ni mtawala, fried ni amani, adal ni ubora wa nasaba. Ukiunganisha nia na chapeo unapata Wilhelm. Mkuki na ugumu ni Gerhard, nyumbani na mtawala ni Heinrich, sifa na mng'ao ni Robert.

Lakini angalia jina Hildegund. Kipande cha kwanza ni vita na cha pili ni vita. Malkia Fredegund wa Wafranki, watu wa Kigermanik waliotawala Ufaransa ya leo, aliyefariki mwaka 597, alibeba amani na vita katika jina moja. Kama jina lingekuwa sentensi, haya yangekuwa mafumbo. Kwa watu waliowapa watoto majina hayo, kipande kilikuwa alama ya ukoo kwanza, na maana yake ilikuja nyuma.

Ushahidi tunaupata kwa watu wenyewe. Mfalme Clovis wa Wafranki, aliyefariki mwaka 511, alikuwa mwana wa Childeric na mume wa Clotilde. Wanawe watatu kwa Clotilde waliorithi sehemu za ufalme waliitwa Chlodomer, Childebert na Chlothar. Wawili walichukua kipande cha mwanzo cha jina la baba, ambalo kwa asili ni Chlodovech: kile cha chlod kinachomaanisha sifa. Childebert alichukua childe, yaani hild ile ile ya vita, kutoka kwa babu, na kipande hicho hicho kilikuwa mwishoni mwa jina la mama yake. Aliyesikia majina hayo alijua papo hapo watoto ni wa nani. Huko Uingereza, askofu Wulfstan wa Worcester, aliyefariki mwaka 1095, alikuwa na baba aliyeitwa Æthelstan na mama aliyeitwa Wulfgifu. Wulf ametoka kwa mama, stan kwa baba. Ukitafsiri neno kwa neno utapata "mbwa mwitu jiwe", nasi hatuna sababu ya kudhani kwamba wazazi wake walikuwa wakiwaza mbwa mwitu wala jiwe. Walikuwa wakimwandika mtoto wao katika pande zote mbili za familia.

Jinsia iliamuliwa na kipande cha mwisho. Majina yaliyoishia na wolf, bert, rik au hard yalikuwa ya wanaume. Yaliyoishia na hild, gund, trud, burg au gard yalikuwa ya wanawake. Ndiyo maana maneno ya vita yamejaa katika majina ya kike kuliko wengi wanavyotarajia. Hilda ni ufupisho wa majina ya aina hiyo, na Matilda ni nguvu pamoja na vita.

Majina haya yalisafiri na wenye madaraka. Wagothi, watu wengine wa Kigermanik, waliyapeleka Hispania, na mpaka leo Rodrigo, Fernando na Alfonso ni majina ya Kigermanik yaliyovaa sauti za Kihispania. Jina la Clovis ndilo lililogeuka kuwa Louis Ufaransa, Ludwig Ujerumani, na Ludovick kwetu. Jina Karl lilimaanisha tu mwanamume huru, lakini baada ya Karolo Mkuu, mfalme wa Wafranki, lilipanda cheo kiasi kwamba Wapolandi na Warusi walilifanya neno lao la kawaida la "mfalme". Uingereza ina kisa cha ajabu zaidi. Wanormani walipoiteka mwaka 1066 walileta William, Robert, Richard na Henry, majina ya Kigermanik yaliyokuwa yamepitia Ufaransa, na vizazi vichache baadaye karibu majina yote ya kienyeji ya Kiingereza cha kale yakawa yameachwa. Edward aliokoka kwa sababu ya mtakatifu: Mfalme Henry III alimheshimu sana Edward Muungamadini, akampa mwanawe jina hilo mwaka 1239. Pasipo uamuzi ule, huenda jina la waziri mkuu wetu Edward Sokoine lisingefika Monduli.

Kisha wakaja watakatifu wa Kanisa zima. Kuanzia karne ya 12 na 13 Johannes, Nikolaus na Peter waliyasukuma kando majina ya vipande viwili, na yaliyobaki yakawa machache mno. Katika Ujerumani, Heinrich na Konrad walijaa kila mji hadi ufupisho wao, Hinz na Kunz, ukawa msemo wa kumaanisha mtu yeyote. Karani wa kodi au wa hati za ardhi angewatofautishaje Heinrich watano wa mtaa mmoja? Kwa kuongeza kazi, mahali, sura au jina la baba. Hapo ndipo ubini ulipoanzia, kwanza katika miji ya kusini na magharibi.

Müller, jina la ukoo lenye watu wengi kuliko yote Ujerumani, ni mwenye kinu cha kusagia nafaka. Karibu kila eneo lilikuwa na kinu, na mara nyingi wakulima walilazimishwa na bwana wa ardhi kusaga hapo hapo, kwa hiyo msagaji alijulikana na wote. Schmidt ni mhunzi, Weber ni mfumaji, Schneider ni fundi nguo. Schulze alikuwa jumbe wa kijiji mwenye kusimamia malipo ya wakulima. Meier alikuwa msimamizi wa mashamba ya bwana, na tahajia zake nyingi (Meyer, Maier, Mayr) zinaweza kukudokezea mkoa familia ilikotoka. Klein alikuwa mfupi, Krause alikuwa na nywele za mawimbi, Bayer alikuwa mgeni kutoka Bavaria. Tahadhari inahitajika kwa König na Kaiser. Mwenye jina hilo si wa damu ya kifalme. Babu yake pengine alimtumikia mfalme, au aliigiza mfalme katika mchezo wa sikukuu, au alikaa nyumba yenye alama ya mfalme.

Si kila mahali ubini uliganda mapema. Wayahudi wa milki ya Austria walilazimishwa na Mfalme Joseph II kuchukua majina ya ukoo ya Kijerumani mwaka 1787. Uholanzi, Napoleon aliamuru mwaka 1811 kila mtu asiye na ubini ajiandikishe nao. Iceland haikufuata njia hiyo, na msomaji wa Kiswahili aliyezoea "binti Saidi" ataielewa mara moja. Vigdís Finnbogadóttir, rais kuanzia mwaka 1980 hadi 1996, ni Vigdís binti Finnbogi. Huko hata rais huitwa kwa jina lake la kwanza, kwa kuwa la pili ni la baba yake.

Kwetu, majina haya yalikuja kwa ubatizo, kwa hiyo ukitaka kujua la kwako lilikotoka, anza na mtakatifu wake na shirika la wamisionari lililofanya kazi kijijini kwenu. Adolf, kwa mfano, Ulaya wazazi wengi waliliacha baada ya mwaka 1945 kwa sababu ya Hitler, lakini Kanisa lilikuwa nalo kupitia askofu wa Osnabrück aliyefariki mwaka 1224. Otilia linatokana na kipande kilekile cha mali kilichomo katika Otto. Ni jina la abesi (mkuu wa watawa wa kike) Odilia wa Alsace, ambaye mapokeo yanasema alizaliwa kipofu, naye ni msimamizi wa wenye maradhi ya macho. Kutoka kwake ilipata jina abasia ya St. Ottilien huko Bavaria, na wamonaki wa shirika hilo ndio walioanzisha misheni ya Peramiho, kusini mwa Tanzania, mwaka 1898.