Zuurveld haikuwa ardhi tupu

Kwa muda mrefu imesimuliwa kwamba walowezi wa Kiingereza wapatao 4,000, walioshuka Algoa Bay mwaka 1820, waliikuta Zuurveld, mashariki mwa Koloni la Rasi (katika Afrika Kusini ya leo), ikiwa pori lisilo na mwenyewe. Si kweli. Kati ya 1811 na 1812 jeshi lililoongozwa na Kanali John Graham liliwafukuza Waxhosa wapatao 20,000, likateketeza makazi na mazao yao, na kuwasukuma ng'ambo ya Mto Fish. Utupu huo ulitengenezwa kwa bunduki, na ni haki ya waliofukuzwa lisemwe wazi. Serikali ya kikoloni ilitaka walowezi wawe ngao ya mpaka dhidi ya Waxhosa, ingawa hawakuelezwa hivyo. Wengi wao walikuwa mafundi, si wakulima. Ngano yao ilipoharibiwa na kutu, ugonjwa wa mimea, wakakimbilia mijini.