Wiski Kwanza, Krimu Baadaye

Wageni wengi wakisikia kamba koche wa mchuzi wa krimu na wiski, hudhani siri iko kwenye chupa. Iko kwenye magamba, ambayo katika majiko mengi huishia kwenye ndoo ya taka.

Kule Uskoti, nchi ya wiski, kamba wao ni wa buluu, mwenye magando mawili makubwa. Kamba koche wetu wa Pwani hana magando hayo. Ana sharubu ndefu zenye miiba, na nyama yake karibu yote iko mkiani. Kwa mpishi hii ni nafuu, maana gando na mkia haviivi kwa wakati mmoja.

Namnunua akiwa hai. Akishakufa, vimeng'enya vya mwilini mwake huanza kuila nyama, na ukichelewa kumpika utapata kitu cha kuparaganyika kama muhogo uliochemshwa mno. Jike mwenye mayai chini ya mkia simchukui, hata kwa bei ya bure. Namlaza kwenye barafu nusu saa hadi aache kutikisika, kisha nampasua kichwa kwa kisu kizito, pigo moja.

Natoa nyama ya mkia ikiwa mbichi, naondoa utumbo, nakata vipande vinene, naikausha kwa kitambaa. Siagi ikichemka, dakika moja kila upande. Kipande kitoke katikati bado kama kioo. Atakayekingoja kiive palepale atakula mpira.

Sasa magamba. Nayaponda kinuni, si kwa kusaga, nayakaanga kwenye siagi ileile pamoja na kitunguu na kijiko cha nyanya ya kopo mpaka jiko zima linukie. Maji vikombe viwili, dakika 20, nachuja.

Narudisha kikaangio, nazima gesi, namimina mililita 60 za wiski kutoka kwenye kikombe. Kamwe si kutoka kwenye chupa. Moto unaweza kupanda mpaka mkononi. Naiwasha wiski moto, narudisha gesi, naiacha ikaukie karibu yote, ndipo supu ya magamba iingie na kupungua nusu, halafu krimu mililita 150, yenye mafuta asilimia 35 au zaidi. Krimu nyepesi hukatika. Ukimwaga wiski mwishoni juu ya krimu, mchuzi unawasha koo na harufu yake ni ya baa. Wiski za moshi za Islay, kisiwa cha Uskoti, siziweki, zinaifunika bahari. Nachukua ya Speyside, eneo jingine la Uskoti, tena ya bei ya kawaida. Nyama inarudi moto ukiwa umezimwa, dakika moja, na boflo la kuchovya pembeni.

Pwani naulizwa kila wiki: "Chef, pombe si inaungua yote?" Hapana. Kwa jedwali la Wizara ya Kilimo ya Marekani, chakula kilichowashwa moto hubaki na takriban asilimia 75 ya pombe yake, na kilichotokota dakika 15 hubaki na asilimia 40 hivi. Nami humjibu hivyohivyo mgeni, asije akala asichokikusudia. Asiyetumia namwekea tui zito na ukwaju kidogo juu ya supu ileile ya magamba, kwa kikaangio kingine na mwiko mwingine. Wapishi wangu wawili, faraghani, wanasema ndiyo tamu zaidi.