Mtandi haujawahi kutema moto, jamani

Juzi nimepanda bodaboda, tunapita chini ya mlima Mtandi hapa Masasi, dereva akageuza shingo: "Mzee, hii volkano ikiamka si tumekwisha?" Ni mtu wa tatu mwezi huu. Wa kwanza alikuwa mwalimu wa jiografia. Dogo nikamwambia atazame barabara kwanza.

Volkano Masasi hakuna: wala hai, wala iliyolala, wala mfu. Ukitaka mfu panda Kilimanjaro, ukaone Shira na Mawenzi. Kibo imelala tu. Mtandi ni gnaisi, mwamba uliopikwa na kukandamizwa kilomita nyingi chini ya ardhi, miaka kama milioni 600 iliyopita.

"Lakini una umbo la volkano!" Umbo lipi? Koni hujengwa. Kasoko, yaani mdomo wa volkano, hurusha vipande vya zaha (mwamba ulioyeyuka), vinaanguka, vinarundikana, na mteremko ukizidi nyuzi thelathini na kitu vinaporomoka. Nenda kaitazame ile koni ya majivu ndani ya kasoko la Meru: imekaa kama lundo la mchanga lililomwagwa na lori. Mtandi una kuta zinazokaribia kusimama wima. Changarawe gani itasimama hivyo? Huu haukurundikwa, umebakizwa. Kilichoondoka ni ardhi iliyouzunguka.

Halafu ule weusi. Kila mtu ananionyesha "palipoungua". Ni vijimea, ndugu zangu! Vinaota maji ya mvua yanapochuruzika, ndiyo maana michirizi inashuka kama machozi. Vunja jiwe uone: ndani ni jeupe-jeupe lenye mistari ya mika, yale madini yanayometameta. Dogo nilimvunjia moja, akaligeuza-geuza, akasema labda moto haukufika ndani.

Mwanajiolojia Mjerumani Wilhelm Bornhardt, aliyezunguka kusini huku miaka ya 1890, aliifananisha milima hii na visiwa, akaiita "Inselberg", yaani mlima-kisiwa, na jina hilo likaenea duniani. Ila kwa nini imebaki hii na si mingine? Chuoni nilikaririshwa kwamba miteremko hurudi nyuma taratibu mpaka kibaki kipande. Wengine wanasema mwamba ulioza kwanza chini kwa chini, penye nyufa nyingi zaidi, kisha udongo ukasombwa na vichwa vigumu vikatokeza. Nikiwa Mtandi naegemea hao wa pili. Nikikuta kilima chenye nyufa tele na bado kimesimama, narudi nyumbani kimya.