Je, wajua kwa nini chama cha utani kiliongoza jiji la Reykjavík kwa miaka minne?

Tarehe 29 Mei 2010 wakazi wa Reykjavík, mji mkuu wa Aisilandi, walipiga kura kuchagua madiwani wao, na chama kilichoongoza kwa asilimia 34.7 kilikuwa hakijatimiza hata mwaka mmoja tangu kianzishwe na mchekeshaji Jón Gnarr. Kiliitwa Besti flokkurinn, yaani Chama Bora Kuliko Vyote. Kiliahidi taulo za bure katika mabwawa yote ya kuogelea, dubu mweupe kwa ajili ya bustani ya wanyama ya jiji, na Bunge lisilo na dawa za kulevya ifikapo mwaka 2020. Kisha kikatangaza kwamba hakitatimiza ahadi hata moja kati ya hizo.

Kwa nini watu wazima wenye akili timamu walikichagua? Jibu la kawaida ni kuporomoka kwa benki tatu kubwa za nchi hiyo, Glitnir, Landsbanki na Kaupthing, mwezi Oktoba 2008, na ni kweli kwamba hasira za wananchi dhidi ya vyama vya zamani zilianzia hapo. Hata hivyo, Reykjavík ilikuwa na sababu yake ya ziada, ambayo mara nyingi husahaulika: kati ya mwaka 2006 na 2010 jiji lilipata mameya wanne kutokana na miungano ya madiwani iliyovunjika mmoja baada ya mwingine. Mpiga kura aliyeshuhudia hayo angewezaje kuambiwa kwamba mchekeshaji ndiye atakayeufanyia uongozi mzaha?

Chama hicho kilipata viti 6 kati ya 15, kikaunda uongozi wa mseto na chama cha Kisoshalisti cha Kidemokrasia, na Jón Gnarr akawa meya. Utani haukuisha, kwani mwaka huohuo meya alihudhuria sherehe za mashoga na wasagaji akiwa amevaa mavazi ya kike, lakini kazi iliyomsubiri ofisini ilikuwa nzito. Orkuveita Reykjavíkur, shirika la nishati ambalo sehemu yake kubwa inamilikiwa na jiji, lilikuwa limekopa fedha nyingi za kigeni, na thamani ya krona, sarafu ya Aisilandi, iliposhuka madeni hayo yakavimba. Uongozi mpya ukapandisha bei za huduma na kuwaachisha kazi makumi ya wafanyakazi, hatua ambazo mwanasiasa mzoefu angezikwepa kwa kuhofia kura za uchaguzi unaofuata. Kwa maoni yangu, hapa ndipo ufupi wa maisha ya chama ulipogeuka kuwa nguvu yake, kwa sababu watu wasiotafuta kurudi madarakani hawana sababu kubwa ya kuogopa kuchukiwa.

Muhula huo ulikwisha kwa meya yuleyule aliyeuanza. Mwaka 2014 Jón Gnarr hakugombea tena na chama kikavunjwa, ingawa hakikuwa kimeshindwa katika uchaguzi wowote. Baadhi ya wanachama wake walihamia Björt framtíð, chama kilichoundwa mwaka 2012 na kupata viti 6 bungeni mwaka uliofuata. Nacho hakikudumu: kiliingia serikalini Januari 2017, kikajitoa Septemba, na mwezi Oktoba kikapoteza viti vyake vyote.