Bagika na Bagalu: Dawa, Masimulizi na Vita ya Umati Katika Ngoma za Wasukuma

Mashindano ya ngoma Usukumani hayana jopo la majaji. Makundi mawili hucheza kwa wakati mmoja kwenye uwanja mmoja, kila moja upande wake, nao watazamaji huhamahama wanavyopenda. Kundi lenye umati mkubwa ndilo limeshinda. Ukiielewa kanuni hii, utaelewa kwa nini mganga, mtunzi wa nyimbo na mchezaji mara nyingi ni mtu yuleyule.

Masimulizi yanawataja waganga wawili wa karne ya 19, Ngika na Gumha, kila mmoja akidai dawa yake ndiyo yenye nguvu. Walipimana kwa ngoma. Wafuasi wa Ngika ndio Bagika, wa Gumha ndio Bagalu, na vikundi vingi vya leo bado hujitambulisha kwa upande mmojawapo.

Dawa ya mashindano huitwa samba. Kazi yake ni kuvuta watu. Ningi, yaani kiongozi na mtunzi wa kundi, huipaka au huchanjwa nayo, na nyingine hufukiwa uwanjani kabla ya siku yenyewe. Ndani yake, pamoja na mizizi na majani, huwamo shingila: kitu kinachochaguliwa kwa sababu hali yake inafanana na matokeo yanayotafutwa. Anayechunguza mitishamba peke yake ameikosa nusu ya maana.

Lakini samba haimfundishi mtu kucheza. Ningi anayemaliza vituko vyote mapema hubaki mikono mitupu jua linapopanda, wakati mwenzake ndiyo kwanza anafunua vyake. Ningi hodari huanza na nyimbo mpya, hasa za kumkejeli mpinzani, kisha bugobogobo, ngoma inayochezwa kwa majembe. Sanamu za mbao zenye viungo vinavyochezeshwa huzificha mpaka aone watu wanaanza kuhama.

Nyoka ni fani ya Bayeye, chama kingine chenye dawa zake. Chatu hana sumu, ila hukaza. Akichezeshwa muda mfupi baada ya kumeza windo hutapika, na chatu mkubwa anahitaji watu wawili, mmoja akiwa karibu na kichwa. Kifutu na swila ni habari nyingine kabisa: mtazamaji asisogee karibu hata akikaribishwa. Mtu akiumwa, asichanjwe jeraha wala kufungwa kamba ya kubana. Kiungo kitulizwe, apelekwe hospitali mara moja.

Sifa za Ng'wanamalundi, mchezaji anayesimuliwa kuliko wote, zinabeba pande zote mbili, dawa na ustadi. Watu husimulia miti iliyokauka alipoinyooshea kidole, na papo hapo husimulia umati uliomfuata popote alipocheza. Wakoloni wa Kijerumani walimkamata.

Mashindano makubwa hufanyika baada ya mavuno. Huko Bujora, karibu na Mwanza, yameunganishwa na Bulabo, sikukuu ya Ekaristi inayoangukia Mei au Juni, kazi ambayo Padri David Clement kutoka Kanada aliisukuma sana. Ukienda, simama kwanza katikati ya makundi mawili na uwatazame watazamaji wenyewe: kundi linaloanza kupoteza watu huonekana ukingoni, ambako watu hugeuza vichwa kabla ya kuinua miguu.