Je, wajua hemolisisi ni nini, na kwa nini hukufanya utolewe damu mara mbili?

Umetolewa damu asubuhi katika kliniki moja ya Kisumu, ukaambiwa majibu yatakuwa tayari saa nane. Saa nane unafika, na badala ya karatasi ya majibu unaambiwa unyooshe mkono tena. "Damu yako imehemolaizi." Maelezo huishia hapo. Wapo wanaotoka wakiamini wamepatikana na ugonjwa, na wapo wanaoamini kichupa chao kimepotea na hilo ni neno la kufunika aibu. Mara nyingi si ugonjwa wala si kupotea.

Neno lenyewe ni hemolisisi. Limetoka katika Kigiriki: haima ni damu, na lisisi ni kufunguka au kuachana. Maana yake ni seli nyekundu za damu kupasuka, na hemoglobini, yaani ile rangi nyekundu inayobeba oksijeni, kumwagika katika majimaji yanayozizunguka. Si kuganda kwa damu. Si upungufu wa damu pia, ingawa hemolisisi ikiendelea mwilini upungufu huja nyuma yake. Aliyesoma bayolojia ya kidato cha kwanza alikutana nalo kwenye mada ya fiziolojia ya seli, pamoja na ndugu zake krenesheni, yaani kusinyaa kwa seli ya damu, na plasmolisisi, yaani kunywea kwa seli ya mmea, akalikariri kwa ajili ya mtihani na kuliacha hapo.

Seli nyekundu ina upana wa mikrometa 7 hadi 8. Ukizipanga 130 kwa mstari unapata kama milimita moja. Umbo lake ni la andazi la duara lililobonyezwa kwa kidole gumba juu na chini. Haina kiini, na huishi siku 120 hivi. Ule ubonyeo una kazi. Ujazo wa kawaida wa seli ni kama femtolita 90, lakini ngozi yake ina eneo la kutosha kufunika tufe la femtolita 150 hivi. Kwa hiyo maji yakiingia, seli hujaa kwanza, ubonyeo unapotea, inakuwa tufe kamili. Hapo nafasi imekwisha, kwa sababu ngozi hiyo hupinda vizuri sana lakini hainyumbuki kama puto. Maji yakizidi kidogo tu, inatoboka. Hemoglobini inamwagika na kubaki ganda tupu lisilo na rangi.

Mwalimu mwenye mirija mitatu anaweza kulionyesha hilo kwa dakika tano. Wa kwanza tia maji yenye chumvi gramu 9 kwa lita, wa pili maji matupu yaliyochujwa, wa tatu chumvi gramu 30 kwa lita. Dondosha tone moja la damu ya mnyama iliyozuiwa isigande katika kila mrija, kisha uweke nyuma yake ukurasa wenye maandishi. Mrija wa kwanza ni mzito kama uji mwepesi, herufi hazisomeki, maana seli ziko nzima na zinazuia mwanga. Wa pili ni mwekundu sana lakini herufi zinasomeka kupitia kwake kama kupitia juisi ya zabibu: seli zote zimepasuka. Wa tatu nao ni mzito, ila chini ya darubini seli zimesinyaa na kuota vipembe, na hiyo ndiyo krenesheni. Ukipunguza chumvi hatua kwa hatua, seli za mtu mwenye afya huanza kupasuka ikifika karibu asilimia 0.45, na ikifika karibu 0.3 hakuna iliyobaki. Ndiyo maana dripu ya chumvi hospitalini ni asilimia 0.9, na ndiyo maana hakuna anayethubutu kumtia mtu maji matupu mshipani.

Mama mboga wa soko la Kibuye anafanya nusu ya jaribio hilo kila siku bila kulipa jina. Sukuma wiki ikinyauka saa sita, huinyunyizia maji, na jioni inasimama na kukakamaa. Maji yameingia katika seli zake kwa njia ileile, ila seli ya mmea ina ukuta mgumu nje ya ngozi. Maji yakiisukuma inakaza tu, haipasuki. Seli ya damu haina ukuta huo. Kwa hiyo anayesema sukuma wiki "imehemolaizi" amekosea mara mbili: haina damu, na haikupasuka.

Turudi kwenye kichupa chako. Damu ya kupimwa figo au ini huwekwa katika kichupa kisicho na dawa ya kuzuia kuganda, huachwa igande dakika 30 hadi 60, kisha huzungushwa kwa sentrifuji. Bonge hushuka chini na juu hubaki seramu. Seramu nzuri ni ya manjano hafifu. Ikiwa ya waridi, au nyekundu kama sharubati ya rozela, seli zimepasuka.

Kwa nini rangi hiyo imzuie mtu wa maabara kutoa majibu? Kwa sababu hemoglobini haimwagiki peke yake. Ndani ya seli nyekundu kuna potasiamu zaidi ya mara 20 kuliko nje. Kiwango cha kawaida katika seramu ni kati ya milimoli 3.5 na 5 kwa lita. Seli chache zikipasuka, mashine inasoma 6.5, kiwango ambacho daktari huogopa moyo kusimama, ilhali mgonjwa hana shida yoyote. Hilo angalau linashtua na watu watarudia kipimo. Baya zaidi ni kinyume chake: mtu aliyeharisha siku tatu, potasiamu yake halisi ni 2.8, lakini kichupa kilichoharibika kinaonyesha 4.1 na anaruhusiwa kwenda nyumbani. Vimeng'enya viwili vinavyopimwa sana, LDH na AST, navyo hupanda kwa uongo. Mtu wa maabara anayekataa sampuli ya namna hiyo anakufanyia hisani, hata kama umepoteza nauli.

Seli hupasukia wapi? Karibu kila mara ni pale mkononi mwako au njiani, si kwenye mashine. Sindano nyembamba mno ni chanzo kimoja (namba ya geji ikipanda, sindano huwa nyembamba zaidi): geji 21, ile ya kishikio cha kijani, inatosha mshipa wa mtu mzima, lakini damu ikivutwa kwa nguvu kupitia geji 25 seli husuguana na kuchanika. Bomba likivutwa kwa pupa hadi damu itoe povu, hivyo hivyo. Spiriti inatakiwa ikauke yenyewe, kama nusu dakika, kabla ya kuchoma. Mpira wa kukaza mkono usipite dakika moja. Na lile kosa ambalo hata wenye uzoefu hulifanya foleni ikiwa ndefu: kuchoma kifuniko cha kichupa kwa sindano na kuisukuma damu ndani kwa kidole gumba. Ondoa sindano, fungua kifuniko, iache damu iteremke ukutani mwa kichupa taratibu. Kichupa cha kifuniko cha zambarau, chenye dawa ya kuzuia kuganda, hupinduliwa polepole mara 8 hadi 10. Kupindua, si kutikisa kama chupa ya dawa ya kikohozi. Kwa mtoto anayetobolewa kidole au kisigino, kukamua ndiko huharibu. Pasha kisigino moto kwa kitambaa chenye maji vuguvugu, damu itakuja yenyewe.

Halafu kuna safari. Zahanati nyingi za Nyando au Seme hutuma sampuli mjini kwa bodaboda, na zile za Mfangano huanza kwa boti. Vichupa visimame wima kwenye kishikio, ndani ya sanduku la baridi, na barafu ifungwe kwa kitambaa isiguse kichupa, maana seli iliyoganda kwa baridi hupasuka ikiyeyuka. Baridi ina hila nyingine pia: damu nzima ikikaa baridini saa kadhaa, potasiamu huvuja nje bila seli kupasuka, na seramu hubaki ya manjano safi. Hapo macho hayakusaidii. Dawa yake ni kutenganisha seramu na bonge ndani ya saa mbili, kisha ndipo isafirishwe.

Mgonjwa akitolewa damu tena kwa utaratibu na seramu ikawa ya waridi tena, maabara huacha kulaumu sindano. Sasa swali ni kama seli zinapasukia mwilini, na huku kwetu kando ya ziwa sababu hazitafutwi mbali.

Malaria ni ya kwanza. Kimelea chake, Plasmodiamu falsiparamu, huingia katika seli nyekundu, huzaliana humo kwa saa 48, kisha huipasua na kutoka vimelea 16 au zaidi, kila kimoja kikitafuta seli mpya. Ile homa ya kupanda na kutetemeka hufuatana na kupasuka huko. Mwili nao, katika kusafisha, huharibu hata seli nyingi zisizo na kimelea. Mkojo ukigeuka rangi ya strungi iliyokolea, hemoglobini imefika kwenye figo. Hiyo ni safari ya hospitali siku hiyohiyo, si ya kesho. Na jambo ambalo wazazi wachache huambiwa: aliyetibiwa malaria kali kwa sindano ya atesuneti anaweza kupata hemolisisi iliyochelewa, wiki moja hadi nne baadaye, akiwa tayari amepona homa. Akipauka au macho yakawa ya manjano katika kipindi hicho, apimwe kiwango cha damu.

Ya pili ni selimundu, ugonjwa wa kurithi wa seli nyekundu. Hapa seli haipasuki kwa maji; hemoglobini yake hushikana na kuwa vijiti vigumu, seli inapinda kama mundu, na ukakamavu huo unaivunja. Huishi siku 10 hadi 20 badala ya 120. Hemoglobini inayovunjwa hugeuka bilirubini, ya manjano, na ndiyo inayoonekana machoni mwa mtoto. Watu wengi humpeleka mtoto huyo kutafutiwa dawa ya homa ya ini ilhali ini lake halina kosa, limezidiwa tu na kazi. Selimundu imeenea zaidi katika kanda ya ziwa kwa sababu ya malaria yenyewe: aliyerithi jeni yake kwa mzazi mmoja tu hupata kinga dhidi ya malaria kali, na hivyo jeni hiyo imeendelea kurithiwa.

Ya tatu husahauliwa. Kuna watu, hasa wanaume, waliozaliwa na upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, kinachokinga seli nyekundu zisiharibiwe na kemikali. Huishi vizuri kabisa hadi wakutane na dawa kama primakwini au dapsoni, au hata nafthaleni, vile vidonge vyeupe vya kufukuza nondo sandukuni. Shali iliyokaa miezi na vidonge hivyo ifuliwe na kuanikwa juani kabla ya kumfunika mtoto mchanga.

Kuongezewa damu isiyo ya kundi lako hupasua seli kwa dakika chache, na ndiyo maana majina na namba za mfuko husomwa na watu wawili. Lakini hata damu ya kundi sahihi huharibika ikichanganywa na dripu ya sukari katika mpira mmoja, au mfuko ukipashwa katika beseni la maji moto kwa sababu "damu ni baridi sana".

Kuna mahali pengine ambapo hemolisisi hufanywa kwa makusudi. Slaidi ya malaria huwa na madoa mawili. Doa jembamba huchovywa katika methanoli, na seli hukazwa zilivyo ili aina ya kimelea itambuliwe. Doa nene, lenye seli zilizorundikana tabaka nyingi, haliguswi na methanoli. Likiwekwa katika rangi ya Giemsa ya asilimia 10 kwa dakika 10 hadi 15, maji ya rangi hiyo huzipasua seli zote nyekundu, wekundu unaondoka, na vimelea hubaki vikionekana kwenye uwanja mweupe. Mtu akikausha slaidi juu ya moto wa spiriti ili awahi, joto hukaza seli, hazipasuki tena, na doa linabaki gizani: vimelea vipo, havionekani. Kipimo cha haraka cha malaria nacho kina dawa ya kupasua seli katika yale matone ya maji unayodondosha mwisho, ndiyo maana damu iliyohemolaizi haikisumbui.

Wapandaji bakteria wamelichukua neno hili na kulipeleka mbali kidogo. Wao hupanda vijidudu katika sahani ya jeli yenye damu ya kondoo asilimia 5. Streptokoki waletao maumivu makali ya koo huacha duara angavu kuwazunguka. Hiyo huitwa hemolisisi ya beta, na seli zimepasuka kweli. Wale wa nimonia huacha duara la kijani, hemolisisi ya alfa, ingawa hapo kilichotokea zaidi ni hemoglobini kubadilika rangi. Kisha ipo hemolisisi ya gama. Ukiiona kwenye ripoti usishtuke: maana yake hakuna seli hata moja iliyopasuka.