Noir si filamu isiyo na rangi

Juzi nimesikia tena mtu akiisifu filamu ya zamani ya kuchekesha kuwa ni "noir safi", kisa haina rangi. Mara nyingine huwa nanyamaza.

Noir ni filamu ya uhalifu na hatia: mtu anateleza mara moja, kwa tamaa au kwa woga, na kila anavyojinasua ndivyo anavyozidi kuzama.

Neno ni la Kifaransa, maana yake "nyeusi", na hapo ndipo watu wanapopotea. Mwaka 1945 wachapishaji Gallimard wa Paris walianzisha mfululizo wa riwaya za uhalifu, Série noire. Mwaka uliofuata filamu za Marekani, zilizozuiwa Ufaransa enzi za ukaliaji wa Wajerumani, zikaingia kwa mkupuo, na mhakiki Nino Frank akaziita noir baadhi yake. Baadhi tu! Wakati huo filamu nyingi za Hollywood hazikuwa na rangi. Kama alimaanisha hivyo, neno lisingetenga kitu. Weusi aliousema umo ndani ya watu. Wahispania nao husema cine negro. Kwa Kiswahili naona "giza" linakaribia zaidi, kwa sababu giza mtu huingia, akapotea humo.

Tena kuna noir ya rangi. Leave Her to Heaven ya 1945 ilipata Oscar ya upigaji picha wa rangi, na ndani yake mwanamke aliyevaa miwani ya jua ameketi kwenye mashua, anamtazama kijana akizama ziwani mchana kweupe.

Ila ninayoipenda kuliko zote ni Muerte de un ciclista ya Juan Antonio Bardem, Hispania, 1955. Ni noir na ni melodrama ya mapenzi ya siri kwa pamoja. Haina rangi, kweli, lakini tazama inavyoanza: mchana, barabara tupu, uwanda mpana. Mwendesha baiskeli anapotelea nyuma ya mwinuko, kisha gari linatokea likiyumba. Mwanamume anashuka, anaona aliyegongwa bado yu hai. Mwanamke, ambaye ni mke wa mtu mwingine, anamwita arudi garini. Wanaondoka. Hakuna uchochoro wala kivuli cha ukutani, na giza limeshaingia.

Baadaye mlevi anayewatishia anarusha chupa dirishani. Kioo kinavunjika, na papo hapo tuko chuo kikuu, kioo kingine kikivunjwa kwa mawe ya wanafunzi wanaoandamana. Aibu ya chumbani na hasira ya nchi chini ya dikteta Franco zimeunganishwa kwa mkato mmoja. Mkato huo ungefanya kazi hata kwa rangi.

Ile ya kuchekesha basi, ndugu yangu, iite filamu ya nyeusi na nyeupe. Ni jina lake halali, na haliishushi hadhi hata kidogo.